Siku ya kuzaliwa: Seneca au Epicurus?

Siku ya kuzaliwa ikikaribia, swali hurudi: nihesabu muda uliobaki au nishukuru uliopita? Seneca, mwanafalsafa Mrumi aliyefariki mwaka 65 BK, anavutia upande wa kwanza. Mwanafalsafa Mgiriki Epicurus (341–270 KK) yuko upande wa pili.

Kwa Seneca, maisha si mafupi, sisi ndio tunayafuja. Anakutaka ukague saa zako: ngapi zilikuwa zako kweli, na ngapi uliwagawia wengine bure? Gharama yake ni kubwa kwa sababu ukaguzi huo huuma. Tena hauishi, maana alishauri kila siku ipangwe kana kwamba ndiyo ya mwisho. (Mimi huchoka siku ya tatu.)

Epicurus ni nafuu zaidi: kumbukumbu na marafiki. Wosia wake ulitenga mapato ili siku yake ya kuzaliwa iendelee kuadhimishwa. Akiwa anakufa kwa maumivu makali ya njia ya mkojo, alimwandikia rafiki kwamba furaha ya kukumbuka mazungumzo yao iliyakabili maumivu yote hayo. Kwa uimara mwili unapochoka, hapo anamshinda Seneca. Ila akiba hiyo huwekwa mapema, na urafiki usiotunzwa hufifia. Mwenye miaka iliyojaa machungu atachota nini?

Kama una miaka 25 na mipango inaahirishwa kila mwaka, anza na Seneca. Ukiwa na 70, au mgonjwa, mwite Epicurus, na waite marafiki pia.