TASAF au Pensheni Jamii: nani apewe?
Bara na Zanzibar, Mpango wa Kunusuru Kaya Maskini wa TASAF (Mfuko wa Maendeleo ya Jamii Tanzania) hutoa ruzuku ya fedha kwa kuchagua. Mkutano wa kijiji hutaja kaya, kisha dodoso huzichuja kwa kuangalia makazi, mali na idadi ya wategemezi. Shabaha ni walio hoi zaidi, lakini jirani mwenye hali ileile huweza kuachwa, na hapo manung'uniko huanza.

Zanzibar, tangu 2016, ipo pia Pensheni Jamii, isiyouliza kipato: mkaazi aliyetimiza miaka 70 analipwa, awe tajiri au fukara. Ilianza na shilingi 20,000 kwa mwezi. Kidogo, ndiyo. Hata hivyo naipendelea, maana mzee halazimiki kuuanika umaskini wake mbele ya wanakijiji. Ila mama wa miaka 30 mwenye watoto wanne haimhusu. Huyo anaihitaji TASAF.