Nevermind ya Nirvana kwa FLAC: angalia toleo kabla ya namba

Nimeisikiliza albamu hii ya grunge (roki ya kelele) katika matoleo ya 1991, 2011 na 2021, yote FLAC, yaani faili linalofinya muziki bila kupoteza chochote, na kwangu toleo lina uzito kuliko namba za faili (biti na kHz, vipimo vya undani wa rekodi). La 2011 limepandishwa sauti kupita kiasi. Ngoma za Dave Grohl, zilizorekodiwa Sound City huko Van Nuys, California, zimebanwa hadi snea (ngoma yenye mlio mkali) haina tena ule mchomo wake, na beti za upole zinakaribia kulingana na viitikio vya kelele. FLAC hairudishi kilichobanwa studioni. CD ya mwanzo, biti 16 na kHz 44.1, inalishinda bila jasho.

La 2021 lilitengenezwa upya kutoka kwenye tepu za analogi kwa biti 24 na kHz 192. Zuri, lakini linakula zaidi ya GB 1, wakati CD huchukua kama MB 300. Sisikii tofauti inayostahili nafasi yote hiyo.

Ukitaka kujua FLAC inakupa nini, sikiliza matoazi. Kwenye "Polly", iliyorekodiwa Smart Studios mjini Madison mwaka 1990, toazi la Chad Channing, mpiga ngoma aliyemtangulia Grohl, hufifia taratibu mpaka kimya. Kwa MP3 ya kbps 128 mkia ule unachakarika kama mchanga. Kwa kbps 320, kusema kweli, wengi hawatatofautisha.

Bluetooth ndiyo huharibu kazi mara nyingi: simu hulibana faili upya kwa SBC au AAC, njia za kubana zinazotupa sehemu ya sauti, kabla ya kulirusha. Tumia hedifoni za waya. Ukivuka kHz 48, iPhone inahitaji DAC ya nje (kifaa kinachogeuza data kuwa sauti); Android nyingi nazo hugeuza kila kitu kuwa kHz 48, isipokuwa utumie programu kama USB Audio Player PRO. Unapolinganisha matoleo, punguza sauti ya la 2011 kwanza, maana sikio hupenda chenye sauti kubwa hata kama ni kibovu.

FLAC ya kuokoteza ipitishe kwenye Spek, programu inayochora masafa ya sauti kama picha. Picha ikikatika ghafla kwenye kHz 16, hiyo ni MP3 iliyovalishwa koti. Ila usiitilie shaka nakala kwa sababu tu haina "Endless, Nameless", ule wimbo uliofichwa baada ya kimya cha kama dakika 10: CD za mwanzo kabisa zilitoka bila huo wimbo.