Wamemkata Mazamette kichwa afu wananiuliza kama ndiye staringi

Jamani nimelipia hii huduma ya kustrimu muvi za zamani, jina silitaji, na nimelipia kwa ajili ya mtu mmoja tu, Marcel Lévesque. Kama humjui si ajabu, hakuwa staa, alikuwa yule wa pembeni anayeingia sebuleni wakati staa anaongea na ghafla unajikuta humwangalii staa tena. Kwenye Les Vampires, muvi bubu ya sehemu sehemu ya mwongozaji Mfaransa Louis Feuillade, ya 1915 na 1916, yeye ndiye Mazamette. Sehemu ya kwanza tu keshabambwa kaiba faili la mwandishi wa habari Guérande, ambaye ndiye staringi, anajitetea kwa kuonyesha picha ya watoto wake, na wewe unamsamehe hapo hapo, kwa lile pua refu na yale macho yanayokugeukia mtazamaji kama mlisoma wote.

Sasa hawa jamaa wamefanya nini. Picha za enzi zile zinakaribia mraba, 4 kwa 3, wao wakaona bora ijae TV ya kisasa ya 16 kwa 9, wakanyoa juu na chini. Piga hesabu mwenyewe, robo nzima ya kimo cha picha imetupwa. Na Feuillade hakuwa mtu wa kuganda na kamera usoni, aliiweka mbali unaona chumba kizima, watu kuanzia kiatu hadi kofia, kwa hiyo ukinyoa pale unanyoa vichwa. Guérande kapona maana kakaa katikati anaandika zake. Mazamette kasimama nyuma. Kichwa hakuna! Nimekaa naangalia mtu anachekesha kwa mabega.

Afu wameikimbiza. Muvi nyingi za wakati ule zilipigwa fremu kama 16 hadi 20 kwa sekunde, ukizichezesha kwa 24, kasi ya muvi za sauti, watu wanakimbia na kutetemeka tu. Lévesque alitokea jukwaani, na uchekeshaji wake wote uko kwenye kungoja: anapewa habari, anatulia, inamwingia polepole, ndipo anakugeukia. Ukiharakisha pale umeua kila kitu, inabaki pua tu, na pua nayo ndo hiyo wameikata.

Nikaingia chati ya huduma kwa wateja, kwa adabu kabisa. Jibu: "Ndugu mteja, filamu hiyo ina zaidi ya miaka mia, ndivyo ilivyo." Nikamwambia kaka sivyo ilivyo, Cinémathèque française, wale watunza filamu wa Ufaransa, waliikarabati miaka ya 90, akasimamia Jacques Champreux, mjukuu wa Feuillade mwenyewe. Akaniuliza kama nimejaribu kuzima na kuwasha TV. Yaani nizime TV ili Mazamette arudishiwe kichwa?? Nikaeleza tena, akaandika, "Kwani huyo anayekatwa ndiye staringi?" Afu akafunga chati.

Hapo damu ikapanda. Kwa taarifa yako kaka wa chati, huyo asiye staringi ndiye anayekuja kutajirika katikati ya stori kwa zawadi ya kumnasa mhalifu, ndiye mwenye mtoto mtundu anayechezwa na Bout de Zan, mwigizaji mtoto wa enzi hizo, na kwenye muvi nyingine, Judex ya 1917, Feuillade akampa Cocantin, mpelelezi wa hovyo kuliko wote, mpaka baadaye akapata vichekesho vyake mwenyewe vya Serpentin. Guérande nani anamkumbuka? Watu wanamkumbuka yule mwigizaji wa kike Musidora na lile vazi jeusi la kubana, na Mazamette, basi.

Nikaenda kufuta usajili. Nimeshafika kwenye kitufe, pembeni naona wameweka Le Crime de Monsieur Lange ya mwongozaji Jean Renoir, 1936, hii ina sauti. Nikasema ngoja kwanza. Na sijui wameteleza vipi, haijakatwa! Na yumo, anakaribia miaka 60, msimamizi wa jengo mwenye kelele, na ndo mara yangu ya kwanza kumsikia anaongea. Sauti ilipoingia kwenye sinema za Ufaransa, 1929, 1930 hivi, iliwapoteza wengi, yeye mtu wa jukwaani mdomo alikuwa nao toka zamani. Usiku ule mambo yanapoharibika uani yeye kalewa, anaburuta mapipa ya taka na kuimba, mtu anaenda kufa pale pale. Nilicheka nikajisikia vibaya. Na Renoir anaizungusha kamera ua mzima, kwa hiyo hata wa pembeni ana nafasi yake, hapunguzwi hata kidole.

Kwa hiyo nilitaka kuwapa nyota nne, kweli kabisa, hasira ziliisha. Ila kabla sijatuma hii nikasema niicheki na Judex yao. Cocantin kofia imeliwa, paji la uso limeliwa.

Nyota moja. Na hiyo ni ya Renoir, kaka wa chati asije akadhani ni yake.