Tathmini ya tovuti ya matokeo ya urais ya IEBC, 2022

Mwaka 2017 Mahakama ya Juu ya Kenya ilifuta uchaguzi wa urais, na miongoni mwa mambo yaliyoitia shaka ni kwamba mshindi alitangazwa kabla Tume Huru ya Uchaguzi na Mipaka (IEBC) haijapokea fomu 34A zote, yaani fomu za matokeo ya urais za kila kituo cha kura. Tukarudi vituoni tarehe 26 Oktoba bila mgombea wa upinzani Raila Odinga, aliyesusia marudio hayo. Kwa hiyo tovuti iliyofunguliwa katika uchaguzi wa 9 Agosti 2022 inafaa kupimwa kwa kipimo hicho, na kwa kipimo hicho naipa alama nane kwa kumi.

Kuitumia hakukuhitaji utaalamu. Mtu alichagua kaunti, eneobunge, wadi na kituo, kisha picha ya fomu yenyewe ikafunguka, ikiwa na mwandiko wa msimamizi wa kituo na sahihi za mawakala. Niliitafuta fomu ya kituo nilichopigia kura, nikailinganisha na nakala iliyobandikwa mlangoni mwa darasa, nikakuta tarakimu ni zile zile. Vituo vilikuwa 46,229, na kufikia siku ya pili baada ya kura fomu zilizosalia kupakiwa zilikuwa chache.

Alama mbili nimezikata kwa sababu tovuti ilitoa karatasi bila jumla. Vyombo vya habari vikajijumlishia, kila kimoja kikianza na kaunti zake, hata runinga moja ikamwonyesha William Ruto akiongoza huku nyingine ikimwonyesha Odinga, na kila upande ukashika ile iliyoupendeza. Tarehe 15 Agosti, kabla Wafula Chebukati, mwenyekiti wa IEBC wakati huo, hajamtangaza Ruto mshindi kwa kura 7,176,141 dhidi ya 6,942,930 za Odinga, makamishna wanne kati ya saba walikuwa wameshayakana matokeo hayo. Kesho yake walidai kwamba asilimia zilizotangazwa zilifika 100.01 na kwamba ziada hiyo ni kura zipatazo 142,000. (Asilimia 0.01 ya kura milioni 14 haifiki hata 1,500, na ilitokana na kukadiria desimali tu.)

Odinga alipokwenda mahakamani, ukaguzi haukupata tofauti kubwa kati ya fomu za tovutini na zile zilizofikishwa Bomas, kituo kikuu cha kujumlishia kura jijini Nairobi, na tarehe 5 Septemba majaji wote saba wakaidhinisha matokeo. Kwa uchaguzi wa 2027 naomba nyongeza moja: chini ya picha za kila eneobunge pawekwe jumla inayobadilika kila fomu inapoingia.