Rivyuu ya safari ya siku moja Bailudong: tuliuziwa "asili", tukapewa ratiba

Nimeulizwa na watu kama wanne hivi kuhusu ile safari niliyoweka picha zake, kwamba inalipa ama ni kuchoma hela, sasa naandika mara moja niache kurudia rudia. Jibu fupi: sehemu yenyewe nyota 5, kampuni iliyotupeleka nyota 2 na nusu, yule mama wa chai nyota 6 kama zingekuwepo. Jibu refu ndo hili.

Mi nipo Nanchang, China, mwaka wa nne sasa, nasoma udaktari, na mlima Lushan upo kaskazini kwetu kama masaa mawili kwa basi ila kila tukienda watu wanataka juu kwenye ukungu wapige picha washuke, kule chini kwenye chuo cha kale cha Bailudong nilikuwa sijawahi kufika. Mwezi wa nne nikaona tangazo kwenye simu, kampuni moja ya utalii (jina naliacha), kifurushi cha siku nzima, basi, kiingilio, mtembezaji anayeongea Kiingereza, chakula cha mchana na "darasa la chai", yuan 260 kwa kichwa. Juu ya picha wameandika kwa herufi kubwa kabisa: rudi kwenye ziran. Nikalipa palepale maana hiyo ziran ilinisumbua muhula mzima, tuna somo la utamaduni wa China na mwalimu alitupa insha kuhusu Zhu Xi na wenzake, wale wanafalsafa wanaoitwa Wakonfusio wapya wa enzi ya Song, kama miaka mia tisa iliyopita, nikaambulia maksi za huruma.

Ngoja nieleze neno kwanza maana ndo kesi yenyewe. Kamusi ya simu inakwambia ziran ni "asili", na Wachina wa leo wakisema daziran wanamaanisha misitu, milima, wanyama, hewa safi, ile ya kwenye matangazo ya maji ya chupa. Lakini herufi zenyewe ni zi, yaani yenyewe, na ran, kuwa hivyo. Kitu kuwa kilivyo chenyewe bila mtu kukipangia. Mtaani kwetu tuna neno linalokaribia zaidi kuliko "asili", tunasema imejipa. Waliolipenda zamani ni watu wa Laozi na Zhuangzi, wale wahenga wa Kidao, na kwao lina harufu ya acha, usiguse. Zhuangzi anasema ng'ombe kuwa na miguu minne ni kazi ya mbingu, kumtoboa pua ni kazi ya binadamu, umeona mgawanyo. Sasa Wakonfusio wapya wakalibeba neno lilelile wakalipeleka kwingine. Wale ndugu wawili wa ukoo wa Cheng wanauliza, mbona ng'ombe tunamfunga jembe na farasi tunampanda, kwanini tusigeuze? Kwa sababu haiendi, tabia ya mnyama yenyewe inakataa. Kwa hiyo mkono wa mtu si lazima uharibu, ukifuata kitu kilivyo hata kazi yako inakuwa ya mbingu. Kanuni ya kila kitu, wao wanaiita li, ipo hivyo yenyewe na hamna aliyekaa mezani akaipanga, ila wewe kuishi nayo mpaka ikutoke bila kusukumwa, hapo utatoka jasho kwanza, na si la wiki mbili. Kampuni yetu hiki kipande cha jasho ilikiruka.

Basi lilikuwa safi, AC inafanya kazi, tukaondoka saa moja na nusu. Mtembezaji ni kijana mpole, Kiingereza chake kizuri, sina neno naye, tatizo ni karatasi aliyopewa. Saa nne na dakika kumi, kushuka. Saa nne na dakika ishirini, picha ya pamoja getini "kwa tabasamu la asili", narudia, hivyo ndo alivyosema kwenye kipaza sauti, na ambaye hakutabasamu vizuri tulirudia kwa ajili yake mara tatu.

Sehemu sasa. Aisee. Imekaa bondeni chini ya kilele cha Wulao, miti mirefu, kijito kinapita mbele na mawe makubwa yaliyochongwa maandishi, nyua zimepangana moja baada ya nyingine, ukitoka kwenye joto la basi unahisi mtu kakumwagia maji ya mtungi shingoni. Bailudong maana yake pango la kulungu mweupe. Enzi ya Tang alikaa hapo msomi anaitwa Li Bo akifuga kulungu mweupe (si Li Bai yule mshairi, msichanganye kama mimi kwenye insha), na pango lilikuwa halipo, watu waliita hivyo kwa sababu milima imelizunguka bonde ukiwa ndani unaona kama umo pangoni. Mwaka 1179 Zhu Xi akaletwa kuwa gavana wa Nankang, ndo mkoa wa eneo hili wakati huo, akakuta chuo kimebaki magofu, akakijenga upya, akatafuta vitabu na ardhi ya kukiendesha na akafundisha mwenyewe.

Sasa kwenye kipeperushi cha kampuni wameandika "pango la asili la maelfu ya miaka". Jamani. Pango lilichimbwa 1530, enzi ya Ming, kwa sababu kuna ofisa aliona aibu sehemu inaitwa pango na pango hamna, na baadaye kidogo akaja mwingine akaweka kulungu wa jiwe ndani. Halafu karne iliyofuata akatokea ofisa wa tatu akaona huu ni utoto, akamfukia kulungu ardhini, na amefukuliwa juzi juzi tu miaka ya 1980. Nilimsimulia mtembezaji akacheka sana akasema hiyo haipo kwenye karatasi yake. Mimi ningeiweka ya kwanza! Hakuna hadithi inayoonyesha vizuri zaidi watu wakilazimisha kitu kiwe cha asili.

Kituko cha pili. Tulisimamishwa uani tukasimuliwa habari za Zhou Dunyi, mkubwa wa hao Wakonfusio wapya wote, aliyewahi kuwa gavana wa Nankang hiyohiyo karibu miaka mia kabla ya Zhu Xi, kwamba alikuwa hakati majani yaliyoota mbele ya dirisha lake, na alipoulizwa akajibu kwa maana ya kwamba yale majani na moyo wangu ni kitu kimoja. Stori tamu, tumenyamaza, na nyuma ya ukuta mashine ya kukatia majani inanguruma vuuu vuuu mpaka mtembezaji akapandisha sauti ya kipaza. Hii siwalaumu kampuni, ni bahati tu, lakini niliumwa mbavu.

Ila hii nawalaumu: "zoezi la ziran". Tukapelekwa kwenye mianzi, tukaambiwa tuikodolee macho dakika tano, tusifikirie kitu, "ruhusu maana ije". Dada mmoja Mkenya tunayesoma naye akaninong'oneza, "hii si ndiyo ilimlaza mtu?" Ndiyo hasa. Wang Yangming, mwanafalsafa wa enzi ya Ming, akiwa kijana alikaa siku saba anaitazama mianzi kwa nguvu zote akitafuta kanuni yake, akaugua, na ni baada ya miaka mingi, 1508, akiwa amefukuzwa mjini na kutupwa porini Longchang kule Guizhou, ndo likamjia kwamba anachokitafuta hakimo kwenye mwanzi, kimo moyoni mwake. Yaani kampuni imechukua mfano maarufu kabisa wa namna ya kukosea na kuufanya zoezi. Dakika ya tatu mtu akaanza kukohoa, ya nne wote tukawa tunaangalia saa.

Kilichonigusa ni kitu ambacho kwenye ratiba kilipewa dakika sita, zile kanuni za chuo alizoandika Zhu Xi mwaka 1180. Mi nilitegemea sheria za bodingi, saa ya kulala, adhabu ya kuchelewa, si mnazijua. Hamna. Kuna mambo matano ya mahusiano, wazazi na watoto, mtawala na watumishi wake, mke na mume, wakubwa na wadogo, marafiki, halafu namna ya kusoma: soma kwa upana, uliza kwa makini, fikiri, pambanua, kisha tenda kwa dhati. Na chini ameeleza kwanini hakuweka makatazo, kwamba vyuo vingine vinabandika sheria kwa sababu vinamchukulia mwanafunzi kirahisi, mtu akishaelewa kwanini jambo liko hivyo na akajitaka mwenyewe, makatazo ya nini tena.

Nikakumbuka shikamoo. Hakuna mtoto anayezaliwa nayo. Mama alikuwa ananifinya mkono kwa chini, "umesalimia?", na mimi nasalimia nimevimba mdomo, ya kulazimishwa kabisa. Sasa hivi nikipigiwa na mtu mzima neno linatoka kabla sijajua naongea na nani, na likitoka si kwamba naigiza, moyo nao umeinama. Miaka minne China nimewahi kumpa shikamoo profesa wa anatomia kwa Kiswahili mbele ya darasa. Ile ndo ziran ya Zhu Xi nadhani, na ningeielewa mwaka jana insha yangu isingekuwa vile. Konfusio mwenyewe, yule mwalimu wa kale ambao hawa wote wanamfuata, alisema ni akiwa na miaka sabini ndipo alipoweza kufuata moyo unavyotaka bila kuvuka mpaka, sabini, na kampuni inaniahidi kabla ya chakula cha mchana.

Chakula: wali, samaki wa ziwani, mboga, kawaida tu, pilipili za Jiangxi si za mchezo.

Dukani nilinunua kipepeo cha karatasi, kile cha kujipepea, chenye shairi la Zhu Xi, yuan 25, na ni kitu bora nilichonunua mwaka huu. Shairi linasema jana usiku maji ya masika yalijaa mtoni, na ile meli kubwa ya vita leo ni nyepesi kama unyoya, siku zote tulipoteza nguvu bure kuisukuma, leo inakwenda yenyewe katikati ya mkondo. Mtu wa Pangani kama mimi hahitaji mwalimu hapo. Jahazi likikaa matopeni maji yakiwa yamekupwa sukuma mpaka kiuno kife, maji yakijaa linaelea. Ila mabaharia hawalali wakati wanasubiri, wanakalafati, wanashona tanga. Kipepeo pia kilinikumbusha kwamba 1181 Zhu Xi alimwalika hapohapo Lu Jiuyuan aje ahutubie, mpinzani wake aliyeamini moyo wenyewe ndo kanuni, na akaongea kuhusu haki na faida mpaka wasikilizaji wengine wakalia, na Zhu Xi akatokwa jasho akawa anajipepea ingawa kulikuwa na kaubaridi. Halafu hotuba ya mpinzani akaichonga kwenye jiwe.

Darasa la chai lilikuwa nje, kwenye nyumba ya mama mmoja kama miaka sitini na kitu, kampuni imekodi tu meza. Chai ni Lushan Yunwu, ya kijani, mpya ya msimu. Kijana wa kampuni akaanza na slaidi, hatua ya kwanza, hatua ya pili, pumua, mama kasimama pembeni na birika. Projekta ikazima. Umeme. Mama akaona tunakodoleana macho, akaanza tu kumimina, bilauri kumi na nne kwenye meza, anaongea na mjukuu wake mlangoni, anacheka, hata haangalii, na hakuna tone lililoanguka na kila bilauri imefika usawa uleule. Tukanyamaza wote bila kuambiwa na mtu. Kuna mwanafalsafa wa enzi ya Ming, Luo Rufang, mtu wa Jiangxi hiihii, alisema mtoto anayeleta chai ndo Njia yenyewe, yaani mwenendo sahihi wa mambo, anavuka vizingiti na ngazi na kikombe hakimwagiki wala hajui kama anafanya jambo kubwa. Nilimuuliza mama kupitia mtembezaji alijifunza muda gani. Akasema aliolewa hapo hajui hata kuchemsha maji, mama mkwe alimgombeza miaka mitatu.

Turudi kwenye hela. Yuan 260 ni nyingi kwa dakika sita mbele ya kanuni na dakika arobaini kwenye duka la asali ambalo halikuwa kwenye tangazo. Niliwaandikia malalamiko, wakajibu kwa heshima na kuponi ya safari ijayo. Ushauri wangu, nendeni wenyewe, treni mpaka mji wa karibu na mlima halafu teksi, ingieni asubuhi kabla mabasi hayajafika, kaeni kwenye mawe pale kijitoni hata saa nzima. Kwa mama wa chai mnaweza kufika bila kampuni, niulize nikuelekeze, bilauri moja anauza bei ya soda na maji anakuongezea mpaka useme basi. Ila usimwombe akufundishe kumimina. Mi nilimwomba, nikajikausha na kuangalia pembeni kama yeye, na sasa hivi nachapa hii kwa mkono wa kushoto, kidole gumba cha kulia kina malengelenge.