Ziara ya stesheni ya Kima: sijui hata nitoe nyota ngapi

Simba wa Tsavo, wale wawili waliokula wajenzi wa reli, hawakumla Ryall, yule mzungu wa polisi wa reli, hata mwongozaji wetu aseme nini. Naanza na hilo kwa sababu ndilo lililonipandisha presha mchana kutwa, na hadi leo nikilikumbuka masikio yanawaka.

Tulilipia ziara ya stesheni za reli ya zamani, mimi na mtoto wa dada yangu aliyekuwa amefunga shule. Kampuni siitaji. Gari safi, dereva mpole, maji baridi yapo. Tuliposhuka Kima, kule Makueni, mtoto alikimbilia reli, akakanyaga chuma cha huku na chuma cha huku, akashangaa: kumbe upana wenyewe ni mita moja tu! Nikasema moyoni, pesa yangu haijapotea.

Kisha mwongozaji akafungua mdomo. Eti hapa ndipo wale simba wawili wa Tsavo walipomla mzungu wa polisi, na Patterson, yule mhandisi Mwingereza wa reli, akawapiga risasi kesho yake. Alisema kwa sauti ya mtu aliyekuwepo. Mtoto, ambaye kunyamaza hakujui, akauliza: "Kwani walitoka Tsavo mpaka hapa kwa miguu?"

"Kijana, simba hachoki."

Watu wakacheka. Ni zaidi ya kilomita 150! Nikamwambia kwa upole, ndugu yangu, wale wa Tsavo Patterson aliwaua Desemba 1898. Ryall aliuawa Juni 1900, na simba mwingine kabisa. Akanigeukia: "Mama, umekuja kutembezwa ama kutufunza? Na huyo mtoto mfunze adabu."

Adabu! Mtoto aliyeuliza swali!

Na kisa chenyewe wala hakihitaji chumvi. Simba alikuwa akiwawinda wafanyakazi wa stesheni. Ryall, msimamizi wa polisi wa reli, akaamua behewa lake liachwe hapo usiku ili amvizie, yeye na wenzake wawili, Huebner na Parenti. Zamu ikawa yake, usingizi ukamwiba. Behewa lilikuwa limeinama kidogo, kwa hiyo simba alipoingia, mlango wa kuteleza ukajifunga nyuma yake. Hebu fikiria: Huebner yuko kitanda cha juu, Parenti amelala sakafuni, simba kati yao, mlango umefungwa. Alitokea dirishani, na Ryall mdomoni. Baadaye alinaswa kwa mtego, akaonyeshwa watu, ndipo akapigwa risasi. Patterson hayumo. Simba wake wawili wako Chicago, kwenye makumbusho ya Field, wamekaushwa. Sasa Tsavo inaingiaje hapo?

Akamalizia kwamba mji uliitwa Kima eti kwa sababu mzungu alisagwa kama nyama ya sambusa. Mbele ya watoto. Nikarudi garini.

Nilikuwa nimeshaandika nyota moja na matusi kidogo. Lakini kusema kweli, Jumamosi moja baadaye mtoto alinisumbua mpaka nikampeleka Makumbusho ya Reli, Nairobi, ambako behewa lenyewe, nambari 12, limehifadhiwa. Alisimama chini ya dirisha akanyamaza. Yeye! Kisha akanong'ona: "Aunti, alipita hapa na mtu mzima?" Asingeuliza hivyo kama tusingefika Kima kwanza, akaona mahali penyewe palivyo kimya. Basi nikafuta matusi, nikapandisha, nyota tatu. Nendeni, nikawaambia hata majirani, ila someni kabla ya kwenda.

Sasa ninapoandika hapa nimekumbuka lile "mfunze adabu", na ujumbe alionitumia juzijuzi akiomba nyota tano, na vikatuni vya mikono iliyofumbwa. Narudi kwenye moja. Ni ya dereva, ambaye tulipokuwa tukirudi alimwomba mtoto amsimulie kisa upya, akazima redio ili asikie vizuri.