Nyumba ya Colette, Saint-Sauveur-en-Puisaye: nendeni, ila usafiri mjipange

Nimeripoti kesi za mahakamani Mombasa miaka mingi, kwa hiyo Colette, mwandishi wa Ufaransa, kwangu ni ripota kwanza kuliko mwandishi wa riwaya za mapenzi. Mwaka 1912, polisi walipowazingira majambazi wa genge la Bonnot, waliokuwa wakiiba benki, huko Choisy-le-Roi karibu na Paris, yeye alikuwa amebanwa katikati ya umati, haoni kitu. Wenzake wakaandika risasi. Yeye akaandika umati. Mwaka 1921 akakaa mahakamani Versailles kuandikia gazeti la Le Matin kesi ya Landru, yule aliyewaua wanawake baada ya kuwaahidi ndoa. Basi nilipokwenda kumwona binti yangu anayesoma Dijon, nikamwambia Mnara wa Eiffel hautahama, twende kwanza kwa Colette.

Kufika ni kazi. Kijijini hakuna treni. Unashuka Auxerre, halafu zimebaki kama kilomita 40. Teksi tuliyoiweka mapema ikatuachia ujumbe asubuhi kwamba haiji. Kodisheni gari.

Ukiwa barabarani nyumba haikuvutii: ukuta mkavu, madirisha makubwa, na ngazi za mlangoni upande mmoja mfupi, mwingine mrefu, kwa sababu barabara yenyewe ni mteremko. Kibao cha marumaru nyekundu kinasema alizaliwa hapo, basi. Ilikuwa Januari 28, 1873. Raha yote iko nyuma, bustanini. Kuna glisini, ule mmea mtambaao wa maua ya zambarau, shina lake nene limejisokota kama kamba ya jahazi. Hapo mama yake, Sido, alikuwa akimwita aje atazame: ua, buibui, mawingu. Mimi nawafundisha wanagenzi kutazama kabla ya kuuliza, na bado wanakimbilia kuuliza.

Ndani mnatembezwa na kiongozi. Jueni mapema kwamba fanicha za familia ziliuzwa kwa mnada mwaka 1890, mali ya Sido ilipokwisha mikononi mwa mumewe, kapteni aliyepoteza mguu vitani Italia. Vyumba vimepangwa upya kwa kufuata maelezo ya vitabu vya Colette, na nyumba ikafunguliwa 2016. Binti yangu alinung'unika kwamba hiyo ni maigizo. Mimi sikuona ubaya: maelezo ya ripota yametosha kurudisha kiti mahali pake, unataka sifa gani zaidi?

Ya mume wa kwanza, Willy, yanajulikana: riwaya ya kwanza kuhusu msichana Claudine aliiandika Colette, lakini ikatoka 1900 kwa jina la Willy. Colette akaachana naye, akapanda jukwaani, na mwishoni mwa 1910 akaanza kuandikia Le Matin. Mwaka 1932 alifungua hata duka la vipodozi Paris, likafa haraka. Alipofariki 1954 Kanisa Katoliki lilikataa kumzika, lakini serikali ikampa mazishi ya kitaifa, heshima ambayo Jamhuri haikuwahi kumpa mwanamke yeyote kabla yake.

Nyota nne. Kwenye kasri la kijiji kuna makumbusho yake pia, yenye samani za chumba chake cha Palais-Royal, Paris. Mkiwa na nusu siku tu, anzeni na nyumba, na vaeni raba, ule mteremko si mchezo.